Mjomba na Kipengele cha Saba

Miaka thelathini na moja, miezi minne na siku kumi na tisa. Huo ndio muda ambao Mjomba ameitumikia kampuni yetu ya filamu na tamthilia hadi leo, tarehe thelathini, saa kumi jioni, atakapokabidhi ufunguo wa chumba cha mavazi na kustaafu rasmi. Ofisi ya utumishi iliandika miaka thelathini na moja tu. Miezi na siku nimeongeza mimi. Kazi yangu hapa ni kutunza mwendelezo, yaani kuhakikisha kwamba kikombe kilichoshikwa kwa mkono wa kulia kabla ya kamera kuzimwa kinabaki mkono uleule kamera ikiwashwa tena. Mtu aliyezoea kazi ya namna hiyo hawezi kutazama miezi minne ikipotea akanyamaza.

Mratibu wa sherehe aliniomba ukurasa mmoja. Nikamwambia kwamba ukurasa mmoja haumtoshi Mjomba hata kwa salamu, kwa hiyo wageni wetu mtuwie radhi na mjiweke sawa vitini.

Sura yake mnaifahamu. Ndiye fundi saa wa filamu ile iliyowatoa watu machozi, na ndiye shemeji mchonganishi aliyewakera kila Ijumaa kwa misimu kumi na miwili. Anatembea kwa mkongojo kwa sababu mguu wake wa kulia uligoma kukua alipougua akiwa na umri wa miaka miwili. Ambalo pengine hamlifahamu ni kwamba katika jalada lake la kazi, miaka yote hiyo, hakuwa mwigizaji. Aliandikwa mtunza mavazi. Chanzo chake ni mstari mmoja katika fomu ya ajira ya waigizaji, kipengele cha saba: "Mwombaji awe na viungo vyote kamili na awe na uwezo wa kusimama kwa saa nne mfululizo." Mjomba alikuwa na haja moja kubwa kazini, nayo ni kuuona mstari huo umefutwa kabla hajaondoka.

Kwanza nieleze hilo jina. Hakupewa kwa heshima. Fundi cherehani wa chumba cha mavazi, enzi hizo binti mbichi kabisa, ni mtoto wa dada yake. Siku ya kwanza alipomwona mlangoni alipiga ukelele, "Mjomba!", hadi waliokuwa wakirekodi upande wa pili wakakatisha kazi. Jina likashika. Mwongozaji wetu mkuu anamzidi umri kwa miaka tisa, lakini humwita Mjomba bila haya. Mkewe, mwalimu wa hisabati, ndiye peke yake amwitaye kwa jina lake, na sisi tukilisikia huwa tunageuka kutafuta anaitwa nani. Mjomba naye ana mkono mwepesi wa kubatiza watu. Nilipoanza kazi aliniita Dada Daftari kwa sababu ya daftari nisiloliachia, na miaka mitatu iliyopita, bila kunishauri, akanipandisha cheo kuwa Bibi Daftari. Sijamsamehe.

Dada yake amenisimulia kwamba mama yao alimbeba mgongoni kumpeleka shule hadi alipofika miaka minane, siku aliyosema mwenyewe kwamba imetosha. Seremala wa jirani akamchongea mkongojo wa kwanza. Shuleni alipenda maigizo kuliko chakula, lakini kila mwaka mwalimu alimpa nafasi ya mti, kwa hoja kwamba mti hautembei. Mwaka wa kwanza mti ulisimama kimya. Mwaka wa pili ulikohoa. Mwaka wa tatu mti ulikuwa na maneno mengi kuliko mfalme, nao wazazi wakaupigia makofi mpaka mwalimu akanuna wiki nzima.

Alikuja hapa akiwa na miaka ishirini na tisa, kuomba kazi ya uigizaji. Karani wa dirishani, mtu mpole sana, alimsomea kipengele cha saba, akamwomba radhi, kisha akamwambia kuna nafasi moja tu, ya kutunza mavazi. Mjomba aliuliza chumba cha mavazi kiko umbali gani kutoka kwenye kamera. Akajibiwa kwamba vinatenganishwa na ukuta mmoja. Akasaini papo hapo.

Chumba hicho alikikuta kama ghala la mitumba, akakifanya maktaba. Kila koti lilikuwa na kadi yake: nani alilivaa, katika filamu gani, lilimwagikiwa nini. Lakini alikuwa na tabia moja ambayo ndiyo iliyotuponza sote. Alipokuwa akipiga koti brashi, alisema maneno ya mhusika wa koti hilo, kwa sauti yake, kwa hasira yake, kwa machozi yake kama yalihitajika. Haukupita mwaka kabla hajajua maneno ya kila mtu. Waigizaji waliosahau muswada wakaanza kupita chumba cha mavazi kwa kisingizio cha kifungo kulegea. Sijawahi kuona kampuni yenye vifungo vinavyolegea kiasi kile.

Mwaka wake wa nne ndipo ilipokuja filamu ya fundi saa. Mhusika mkuu alikuwa mtu mwenye ulemavu wa mguu, na nafasi akapewa Staa, ambaye wakati huo picha yake ilibandikwa hata kwenye milango ya vinyozi. Staa ana miguu miwili mizima. Ikaamriwa kwamba Mjomba amwazime mkongojo na amfundishe kuchechemea. Akamfundisha asubuhi mbili, kwa moyo mweupe, tena kwa bidii. Kisha tukaanza kurekodi, na daftari langu likaanza kupata homa. Ninayo kumbukumbu hadi leo. Onyesho la kumi na mbili: anachechemea mguu wa kushoto. Onyesho la kumi na nne: mguu wa kulia. Onyesho la kumi na saba, baada ya chakula cha mchana: miguu yote miwili.

Nilimpelekea mwongozaji taarifa yangu. Akasema watazamaji hawatagundua. Ndipo Mjomba, aliyekuwa amekaa juu ya sanduku kwa kukosa mkongojo wake mwenyewe, akasema kwa sauti ambayo kila mtu aliisikia: "Mkuu, huu wangu niko nao zaidi ya miaka thelathini, na haujahamia upande wa pili hata siku moja."

Studio nzima ilicheka, na aliyecheka kuliko wote ni Staa. Ndugu zangu, kuna watu wakubwa kwa umaarufu na kuna watu wakubwa kwa roho, na Staa ana vyote viwili. Alimrudishia Mjomba mkongojo, akavua koti, akamvisha, akamwomba mwongozaji awashe kamera walau mara moja, kwa majaribio. Onyesho lilikuwa jepesi: fundi saa anafungua duka asubuhi. Mjomba aliingia, akautundika mkongojo ukingoni mwa meza, halafu akaenda dukani mle kwa kurukaruka na kushika: meza, rafu, dirisha, kiti, bila kutazama hata kimoja. Sisi sote tulidhani mtu wa mkongojo hutembea na mkongojo popote. Nani anatumia mkongojo katika chumba kidogo ambacho mikono inakijua? Hilo halikuwa kwenye muswada wala vichwani mwetu. Alipokaa na kuifungua saa ya kwanza, fundi wa sauti alisahau kushusha kinasa sauti, na mwongozaji alisahau kusema tukate.

Nafasi ikawa yake, na Staa akachukua ile ya jirani mlevi, ambayo mpaka leo anasema ndiyo bora aliyopata maishani. Kulikuwa na sharti moja tu. Kwa kuwa kipengele cha saba hakiruhusu, Mjomba ataigiza huku akibaki mtunza mavazi kwenye karatasi. Filamu ilipotoka alimpeleka mama yake kuitazama. Majina yakaanza kupanda mwishoni, na la kwake likatokea chini kabisa, penye orodha ya mavazi. Mama akalitazama, akamgeukia, akauliza: "Kwani mwanangu, walikuvaa?"

Mjomba husimulia kisa hicho kama kichekesho, nasi hucheka. Lakini mimi nilikuwepo siku aliyokisimulia mara ya kwanza, na najua kilimchoma.

Baada ya hapo miswada ilimiminika, na yote ilikuwa na ugonjwa mmoja. Mlangoni pa chumba cha mavazi alibandika karatasi akawa anahesabu wahusika wenye ulemavu walioandikwa kwa ajili yake: waliokufa tisa, ombaomba kumi na wanne, waliopona kwa muujiza dakika ya mwisho kumi na mmoja. Katika muujiza wa mwisho alitakiwa atupe mkongojo na kukimbia kwenye mvua. Alikataa. Alimwambia mwandishi kwamba mkongojo wenyewe ni mpya, kaununua juzi, na mvua ina utelezi. Kisha akauliza swali ambalo sasa limepakwa rangi ukutani katika chumba cha waandishi: "Ukiacha mguu, huyu mtu kesho asubuhi anataka nini?"

Mwandishi akaenda nyumbani na swali hilo, akakaa nalo siku tatu, akarudi na shemeji. Hakuwa mtu mwema hata kidogo. Alikuwa mbea, mwenye wivu, mwenye kula ndizi za wenzake, anayevunja uchumba wa watu kwa neno moja tu la pembeni. Mkongojo alikuwa nao, na hakuna aliyeuzungumzia. Msimu wa pili Mjomba alikwenda sokoni na mkewe, na mama mmoja muuza mboga akamvaa mbele ya watu: "Shemeji gani wewe! Mwache binti wa watu aolewe!" Akamnyima na nyanya. Mjomba alifika kazini siku ya pili yake amechangamka kama bwana harusi, akipita mlango kwa mlango kututangazia: "Jamani, nimetukanwa kama watu wengine!" Zamani, alituambia, sokoni walimwekea vitu kikapuni kwa huruma bila kumuuliza anataka nini.

Yapo mengine aliyotufanyia, na nikiyaacha nitasutwa. Ile njia ya mteremko mlangoni mwa studio aliidai miaka mitano, akiambiwa ni gharama kwa ajili ya mtu mmoja. Ilipojengwa, wa kwanza kuitumia walikuwa wasukuma kamera, wakafuatiwa na mama wa chai na toroli lake, na sasa kupata nafasi ya kupita pale ni mpaka upange foleni. Fundi wa sauti, ambaye awali alibandika mpira chini ya mkongojo ili usigonge, na nusura amwangushe mwenzake, sasa anajivunia kwamba kwa kusikiliza mlio wa mkongojo nyuma ya ukuta anatambua kama Mjomba ameamka vizuri au wamenuniana nyumbani.

Lakini sitaki mwondoke hapa mkidhani tunamuaga malaika. Kwenye drafti hakubali kushindwa. Akiona mchezo unamwelemea, mkongojo huanguka wenyewe juu ya ubao. Ukimshika mkono kumsaidia bila kumuuliza, atakuuliza wewe ni polisi wa wapi. Na liko kosa moja kubwa alilofanya, ambalo ameniruhusu niliandike. Kwa kweli amenisisitizia niliandike.

Miaka sita iliyopita ilikuja filamu yenye mhusika asiyeona, naye akapewa nafasi. Akaikubali kwa furaha. Akatafuta miwani myeusi, akajifunza kupapasa ukuta, akarekodi siku mbili. Siku ya tatu asubuhi alipita mapokezi kama kawaida. Mpokea simu wetu, tunayemwita Dada wa Simu, haoni tangu kuzaliwa, na ana sauti ambayo watu hupiga simu tu ili waisikie. Akamwamkia vizuri. Kisha akamwambia: "Mjomba, mimi nakaa hatua ishirini kutoka kwenye hiyo kamera yenu. Uliniuliza lini?"

Yule bwana wa utani alikwenda moja kwa moja kwa mwongozaji, akaiweka miwani mezani, akasema wafute siku zote mbili na lawama iwe yake. Adhuhuri alisimama mbele ya wafanyakazi wote akaungama kwamba alichofanyiwa yeye na filamu ya fundi saa, yeye naye amemfanyia mwenziwe, tena bila hata kuazima chochote. Nyani haoni kundule, alisema. Mhusika akageuzwa kuwa mwanamke, na Dada wa Simu akaigiza. Mliona wenyewe alivyoigiza. Kwenye karatasi, na turudi kulekule, alibaki mpokea simu. Sasa kipengele cha saba kilikuwa kimewakalia watu wawili.

Hata hivyo Mjomba hakuwa na haraka. Aliamini watu wakizoea kuwaona yeye na mwenziwe kwenye skrini, mstari utajifia wenyewe. Hivyo ndivyo alivyoniambia. Kisha mwaka jana, mwezi kama huu, msichana mmoja alikuja kwa kiti cha magurudumu kuomba kazi ya uigizaji. Mjomba alikuwa amekaa mlangoni pa chumba cha mavazi, mkabala na dirisha la karani, akishona kifungo. Alisikia kipengele cha saba kikisomwa kwa upole uleule aliosomewa yeye. Msichana alishukuru, akageuza kiti, akaondoka kabla Mjomba hajaufikia mkongojo wake.

Nilimkuta bado ameshika sindano. Hakutania. Katika miaka yote sikuwahi kumwona mtu huyu bila utani, na nakiri niliogopa. Alisema kitu kimoja tu, kwamba yeye aliingia, akakaa miaka thelathini ndani, na nyuma yake mlango ulibaki umefungwa. Alikuwa amebakiza mwaka mmoja kustaafu.

Akaandika barua. Akajibiwa kwamba suala lake linashughulikiwa. Akaandika ya pili, akajibiwa hivyohivyo, na sasa karatasi ilikuwa nzuri zaidi. Miezi miwili iliyopita halmashauri ya kampuni ilimwita, na kwa nia njema kabisa ikamwambia kwamba, kwa heshima ya utumishi wake, jalada litarekebishwa naye atastaafu kama mwigizaji. Yeye peke yake, kwa ruhusa maalumu. Nawaomba mfikirie alichopewa. Ni kile alichokitaka tangu akiwa mti. Mkewe ameniambia kwamba usiku ule hakula. Asubuhi alirudi kwa mwenyekiti akashukuru sana, akakataa. Alisema fomu ikibaki ilivyo, basi naye abaki alivyo, aondoke mtunza mavazi. Tulimwambia anajipalia makaa. Nilimwambia mimi mwenyewe, tena kwa ukali, kwa sababu niliona uchungu. Akanijibu kwamba ruhusa maalumu ni mti mwingine tu wa kumsimamisha jukwaani.

Aliomba kitu kimoja: kikao kimoja cha halmashauri kujadili kipengele cha saba, na kwa kuwa kipengele chenyewe kinahusu kusimama kwa saa nne mfululizo, wajumbe wakijadili wakiwa wamesimama. Mwenyekiti alicheka akakubali. Viti vikatolewa nje. Mjomba akaomba pia mtunza mwendelezo awepo na daftari lake, na kwa hiyo ninayo kumbukumbu kamili, nami nainukuu kwa fahari. Dakika ya tisa: mkuu wa matangazo ahamishia uzito mguu wa kushoto. Dakika ya kumi na nne: mhasibu mkuu aegemea ukuta. Dakika ya ishirini na mbili: mkuu wa utumishi avua viatu. Dakika ya thelathini na moja: mwenyekiti, mwenye maradhi ya kiuno, auliza kama kuna kiti hapo nje. Dakika ya thelathini na moja na nusu: Mjomba, ameegemea mkongojo wake kwa raha zake, asema yeye hana haraka, zimebaki saa tatu na nusu.

Kura zote zilikubali. Kipengele kilifutwa kabla viti havijarudishwa ndani.

Fomu mpya ilitoka Jumatano, tarehe ishirini na sita, saa mbili asubuhi. Wa kwanza dirishani alikuwa Mjomba, kavaa suti na tai, anaomba kazi. Alikataa kurekebishiwa jalada. Alitaka afanyiwe usaili kama mwombaji yeyote. Mwongozaji na Staa, ambaye siku hizi ana mvi zinazompendeza kuliko sura yake ya zamani, walimpa dakika tano. Akatumia kumi na moja na akaonywa. Alifaulu. Barua yake inasema: mwigizaji, katika kipindi cha majaribio cha miezi sita. Mkuu wa utumishi bado anakuna kichwa, kwa maana hajawahi kumstaafisha mtu aliye kwenye majaribio. Kwa hiyo, wageni wetu, huyu mzee tunayemuaga leo ndiye mwigizaji mpya kuliko wote tulionao. Ana siku nne kazini.

Wa pili dirishani alikuwa Dada wa Simu. Wa tatu hakuonekana.

Kipengele cha saba cha sasa kinauliza swali badala ya kuamuru: "Unahitaji nini ili uifanye kazi yako vizuri?" Dada wa Simu alijibu kwamba anahitaji muswada wa nukta nundu, na watu wasimvute mkono. Mjomba aliandika hivi: "Nikae mlangoni mpaka yule binti aingie."

Dada wa Simu aliitafuta namba ya yule msichana kwenye barua yake ya mwaka jana. Jumatano haikupatikana. Alhamisi ilipokelewa na mama yake mdogo, akasema binti kaenda kazini kwenye duka la vitabu, na kwamba hata akiambiwa hatakuja, alishasema mambo hayo basi. Ijumaa binti mwenyewe alipiga, akaomba asomewe hicho kipengele kipya. Kisha akaomba asomewe tena. Siku zote hizo Mjomba alikuwa kakaa mlangoni na koti moja mapajani, akishona kifungo na kukifumua. Nilimletea chai, ikapoa. Mpwa wake alimwambia aende nyumbani akajipange na sherehe, akajibu kwamba bado yuko kwenye majaribio, asije akafukuzwa kazi.

Jana, Jumamosi, saa tano kasoro dakika saba, msichana alipanda ile njia ya mteremko. Karani alimpa fomu. Akaijaza pale pale dirishani, na penye kipengele cha saba akaandika maneno mawili tu: "Mistari mingi." Usaili wake ulidumu dakika tano, hakuzidisha hata moja. Alipotoka na barua mkononi, alimkuta yule shemeji mchonganishi wa Ijumaa amesimama mbele yake, analia waziwazi bila kujifuta, na sisi nyuma yake hatukuwa nafuu. Mjomba alimpa mkono akamwambia, "Karibu, mwenzangu."

Mjomba, ahsante. Ahsante kwa vifungo vyote, na kwa kutufundisha kuuliza mtu anataka nini kesho asubuhi. Tunamshukuru shemeji yetu, mwalimu, aliyekuazima kwetu miaka thelathini na moja, na ambaye ameniomba nitangaze kwamba geti la nyumbani linasubiri kurekebishwa tangu msimu wa tatu. Tutakukosa, na mimi nitakukosa kuliko wengine, hata kama unaniita Bibi. Uwe na afya, uwe na raha, ushinde drafti kwa haki walau mara moja, na uishi siku nyingi za heri na wako wote. Kesho kutwa, saa mbili asubuhi, binti huyo anarekodi onyesho lake la kwanza. Ana mistari arobaini na mitatu.